Miaka Mitatu ya Kusikiliza Ndege za Vita

Nimestaafu nikiwa na umri wa miaka ishirini na minane. Najua neno hilo halinifai, na nililifikiria kwa siku nne kabla ya kuliandika hapa, lakini Madam Ayikoru, mkuu wa ofisi yetu, ndiye aliyelitumia kwenye keki ya kuniaga, na jambo likishaandikwa kwa sukari si rahisi kulipinga. Mkataba wangu wa miaka mitatu umekwisha. Nimepewa saa ya ukutani kama wanavyopewa wastaafu wengine, na nimerudisha funguo. Nyinyi mtakaokalia kiti changu mtasikia kinalia upande wa kushoto. Kinalia tangu siku niliyofika. Si mimi niliyekiharibu.

Kazi yetu, kwa wale ambao hawajaelezwa, ni kukusanya historia ya vita vya angani kama ilivyoonwa na kusikiwa na watu wa huku: wastaafu wa jeshi la anga waliorudi Ayivu kulima muhogo, na watu waliowahi kuishi chini ya ndege za mabomu, wengi wao walivuka mpaka kutoka Sudan Kusini wakakaa Koboko. Ofisi ni vyumba viwili mjini Arua. Kimoja kina meza, kingine kina kabati la kanda na harufu ya popo.

Siku ya kwanza nilifika saa moja na nusu wakati kazi inaanza saa mbili, nikazunguka jengo mara tatu ili nisionekane nimewahi sana. Chuoni nilikuwa nimeandika tasnifu kuhusu nadharia za vita vya anga: nani aliyeamini kwamba ndege peke yake inaweza kumaliza vita, nani aliyebisha, na kwa nini wapangaji wa vita hurudia makosa yaleyale wakibadilisha ramani tu. Nilikuja na orodha ya maswali arobaini na moja ya kuwauliza wazee. Madam Ayikoru aliisoma yote, bila haraka, akaikunja mara nne na kuiweka chini ya mguu wa meza uliokuwa mfupi.

“Sasa meza imetulia,” alisema. “Wewe bado. Ulishawahi kuogopa ndege?”

Nilijibu kwamba ndege ni katika vitu vichache nisivyoviogopa.

“Basi utawasikiliza vizuri walioziogopa. Utashangaa kila kitu.”

Orodha ile iko palepale. Msiitoe, meza itayumba.

Nieleze vifaa. Kinasa sauti ni kidogo kama kipande cha sabuni, na kinapenda kuzimika mtu anapofika kwenye jambo lenye uzito, kwa hiyo bebeni betri mara mbili ya zile mnazodhani zinatosha. Mimi nilibeba mara nne. Spika ya betri hukaa kwenye mfuko wa plastiki, maana vumbi la barabara ya Koboko haliombi ruhusa. Kuna pia ndege nne za mbao, kila moja ya ukubwa wa kiganja, tulizochongewa ili wazee waoneshe kwa mikono kile ambacho hawana maneno yake. Hizo ndizo bora kuliko vyote. Mpe mtu kinasa sauti na atakaa wima kama yuko mahakamani. Mpe ndege ya mbao na baada ya dakika moja anaizungusha juu ya kikombe cha chai na kukwambia rubani alikuwa mwoga.

Mwalimu wangu alikuwa Afande Drani. Alikuwa fundi wa injini za ndege kwa miaka mingi, na sasa ana shamba la muhogo na maharage kule Ayivu. Spana zake amezipanga ukutani kwa ukubwa na kuzipaka mafuta kila Jumamosi, ingawa kifaa pekee anachokitengeneza siku hizi ni baiskeli yake. Mara ya kwanza nilipokwenda kwake nilimweleza kwa dakika ishirini juu ya nadharia ya kutawala anga. Alinitazama kwa upole hadi mwisho.

“Hiyo nadharia yako,” akauliza, “inakunywa mafuta ngapi?”

Nilipekua daftari langu.

“Profesa, sikia. Mkubwa alikuwa anakuja na ramani, iko na mishale mingi, mizuri sana. Mimi nauliza, mapipa iko wapi? Kama mapipa iko kumi, mpango ni ya mapipa kumi. Ile mishale ingine ni ya kupamba.”

Sentensi hiyo ilinifundisha zaidi ya sura mbili za tasnifu yangu. Tangu siku ile, kila mstaafu anaponiambia juu ya mpango mkubwa, namuuliza kwanza mafuta yalitoka wapi, nani aliyebeba mapipa na tairi zilikuwa ngapi. Wanafurahi. Wanaona hatimaye wamepata mtu mwenye akili.

Lakini nilipata taabu kwa Afande Drani. Maswali yangu mengi aliyapokea kwa kutabasamu na kuitikia kwa kichwa tu. Nilirudi nyumbani nikiamini nimemkosea. Nilipitia salamu zangu, viatu vyangu, jinsi nilivyokaa, na ile mara niliyokataa muhogo wa pili. Wiki ya tatu ndipo aliponivuta mkono na kunihamishia upande wake wa kulia.

“Sema kwa hii sikio. Ile ingine ilibaki kwa injini.”

Hata hilo la kulia, nilikuja kujua, lilikuwa limebakiza kidogo tu. Kumbukeni jambo hili, kwa sababu mimi nililisahau siku ambayo sikupaswa kulisahau.

Sasa nifike kwa Mama Kiden wa Midia, huko Koboko, ambaye ndiye sababu ya mimi kuandika haya badala ya kuacha barua ya kurasa mbili kuhusu betri.

Alikozaliwa, ng'ambo ya mpaka, kila kikundi cha nyumba kilikuwa na msichana mmoja aliyeitwa sikio. Kazi yake ilikuwa kukaa mbali na mawe ya kusagia na kelele za watoto, na kusikiliza anga. Karibu naye ilitundikwa rimu ya gurudumu la lori, na mkononi alikuwa na kipande cha chuma cha kugongea. Akigonga mara moja, ni ndege ya mabomu: nguo nyeupe zinaondolewa kwenye kamba, moto unamwagiwa mchanga, watu wote wanashuka mahandakini na kulala kifudifudi. Akigonga mara tatu, ni ndege ya chakula, ile iliyomwaga magunia uwanjani: watu wanatoka na mabeseni. Ndege zote mbili zilikuwa za kubeba mizigo. Ile ya mabomu haikuwa na mashine ya kulengea. Mabomu yaliviringishwa tu kutoka mlango wa nyuma, na kwa kuwa marubani waliogopa bunduki za chini, waliruka juu sana, wakazunguka na kuzunguka kabla ya kuachia. Kwa hiyo macho hayakusaidia. Sauti ilifika kabla ya kila kitu, na sikio la msichana ndilo lililokuwa ulinzi wote.

Nilipoelewa hilo nilikaa kwenye ngazi ya nyumba yake nikaandika kurasa tano bila kuinua kichwa. Vitabu vyangu vilikuwa vimejaa mipango ya walio juu, na hakuna hata kimoja kilichotaja kwamba walio chini nao walikuwa na mpango, wenye sheria, zamu na ishara.

Mama Kiden alikuwa sikio kwa misimu miwili ya mtama. Kisha asubuhi moja aligonga mara moja. Watu wakalala mahandakini hadi mchana, bila kuthubutu kuinua shingo, wakati ndege ya chakula inamwaga magunia kwenye uwanja wao wenyewe. Watu wa makazi ya jirani, ambao walikuwa na sikio lingine au hawakuwa nalo kabisa, wakaja wakayabeba yote. Jioni hiyo wazee walimnyang'anya Kiden chuma wakampa mwenzake, Poni.

Wote wawili sasa wanaishi Midia, nyumba ya tatu kutoka kwa mwenzake, na wana wajukuu. Lakini utani haukubaki ng'ambo ya mpaka. Lori likipita, mashine ya kusaga ikiwashwa, hata mwenyekiti wa kijiji akikoroma kwenye mkutano, kuna mtu lazima aulize: “Kiden, hiyo ni bomu ao ni unga?” Watu wanacheka. Yeye hucheka pia. Nilimwona akicheka mara nne kabla sijagundua kwamba mikono yake haicheki.

Alikataa kurekodiwa.

“Wewe utaandika nini?” aliniuliza. “Eti Kiden alinyima watu chakula? Hiyo wanajua. Mimi, mwanangu, nataka kujua kitu moja. Siku ile mimi nilisikia nini? Leta ile sauti zote mbili. Kama mimi nilikosa, nanyamaza mpaka naingia kaburi. Kama sikukosa, utaandika kwa kalamu nyeusi.”

Nilikubali papo hapo, kisha sikulala kwa wiki mbili. Kutafuta sauti kulikuwa rahisi. Kuna watu duniani ambao hawana kazi nyingine ila kurekodi injini za ndege, Mungu awabariki. Lakini ningewezaje kuwachezea watu sauti ya ndege ya mabomu kwenye spika, katikati ya kijiji chao? Nilimwandikia mwenyekiti. Nilimwandikia katekista na imamu. Nilizungukia kila nyumba kueleza kwamba siku ya Alhamisi, saa nne asubuhi, kutasikika sauti ya ndege na ndege yenyewe haitakuwapo. Nilimwomba nesi mstaafu aje na maji na maneno ya kutuliza. Nilipanga viti vya plastiki mbali na kuta. Nilitayarisha ishara ya mkono ambayo mtu yeyote akiitoa, nazima. Na kabla ya yote hayo nilimpelekea Afande Drani sauti zote mbili ili athibitishe ipi ni ipi, maana majina ya rekodi yalinichanganya. Nilicheza ya kwanza, nikauliza kama hii ndiyo ya mabomu. Akatabasamu na kuitikia kwa kichwa.

Alhamisi ilifika. Watu walikuja wengi, wamekaa kimya, wanawake wameshikana mikono. Nesi alikuwa tayari na jagi. Niliwatahadharisha kwa mara ya mwisho, nikabonyeza.

Sauti ilijaa uwanja, nzito na laini. Mama Poni aliinua kichwa. Akamtazama mwanamke aliyekaa kando yake. Kisha akasimama, akafunga khanga kiunoni, akapiga kigelegele.

“Hiyo ni mahindi,” alisema.

Dakika moja baadaye uwanja mzima ulikuwa umesimama. Bibi mmoja alikwenda kuleta beseni. Wengine waliinua mikono juu wakiimba wimbo ambao, nilielezwa baadaye, walimwimbia rubani ambaye hakuwahi kuusikia. Nesi alimimina maji kwenye vikombe akawapa wachezaji, kisha akaweka jagi chini akaingia kucheza. Mimi nilibaki na mkono juu ya kitufe, nikiwa mtu pekee Midia aliyehitaji kutulizwa.

Baadaye, nilipomuuliza Afande Drani kwa nini aliniitikia, alisema: “Wewe ulikuwa unafurahi. Mimi sikutaka kuharibu.”

Mama Kiden hakucheza. Alingoja watu wakae. “Ile ingine,” akasema.

Nilicheza ya pili kwa sauti ndogo. Ilipanda na kushuka, ikapanda na kushuka. Hakuna aliyeimba. Mama Kiden aliinua mkono kabla ya mtu mwingine yeyote, nikazima.

“Hii ndiyo ya bomu. Na ndiyo hii nilisikia siku ile.”

“Leo unajua,” Mama Poni alisema, na hakusema kwa ubaya. “Leo tunajua sisi wote. Lakini siku ile, dada, ilimwaga mahindi. Bomu hapana mwaga mahindi.”

Watu wakaondoka, na Mama Kiden akanisaidia kukusanya viti. Alipanga kumi na viwili, na cha mwisho akakipangusa kwa khanga yake. Nilimwona amekwisha kuanza kunyamaza, kama alivyoahidi.

Nilirudi Ayivu nikamweleza Afande Drani yote, kwenye sikio la kulia, mara mbili. Akavaa koti.

“Twende kwa huyo mama.”

Tulikwenda kwa bodaboda moja, watatu pamoja na dereva, mzee njia nzima akishikilia kofia yake na kunikosoa kuhusu barabara kana kwamba niliijenga mimi. Huko Midia alimsalimia Mama Kiden kwa heshima zote, akaomba jerikeni tupu. Nilidhani ana kiu. Akaiweka kwenye mapaja yake, akaikumbatia kwa viganja vyote viwili, akamwelekezea mama mdomo wa jerikeni.

“Mama, mimi sikio hapana. Lakini mikono iko. Kazini nilikuwa naweka mkono kwa injini, najua ugonjwa. Wewe niimbie ile ndege. Hapana ya spika. Ile ya siku yako.”

Mama Poni alikuwa amesogea, na majirani nyuma yake. Mama Kiden aliinama, akafumba macho, akaimba ndani ya jerikeni. Vuuu-a. Vuuu-a. Vuuu-a. Afande Drani naye alifumba macho. Kidole chake kimoja kikaanza kupiga taratibu kwenye plastiki, kikimfuata. Aliimba kwa muda mrefu kuliko nilivyotarajia. Mtu akitunza sauti kwa miaka yote hiyo, hana haraka ya kuimaliza.

“Basi,” mzee alisema. “Rudia tena pale inageuka.”

Akarudia.

Afande Drani alinyoosha mkono kwangu, nikampa ndege ya mbao yenye injini nne. Akaielekeza kwa Mama Poni, maana alikwisha kuona hakimu ni nani.

“Hii ya chakula iko na pangaboi nne. Zikienda pamoja, sauti ni moja, laini. Ya bomu iko na mbili, na walikuwa hawazitunzi, moja inakimbia, moja inachelewa. Ndiyo inafanya vuu-a, vuu-a. Sasa siku yenu, hii ya chakula ilikuwa mgonjwa. Injini moja hapa ilikuwa inachelewa. Inakuja na mahindi, lakini inalia kama ile ingine. Huyu mama alisikia sawasawa kabisa. Nani alikosa? Fundi alikosa. Aliruhusu ndege iende bila kupanga pangaboi. Mimi sikuwa pale, lakini kwa niaba ya mafundi wote, samahani.”

Nilikuwa nimebeba tasnifu yangu kichwani miaka mitatu bila kupata mahali pa kuiweka. Hapo nikasema, bila kujiandaa, kwamba katika kila mpango wa ulinzi wa anga niliousoma, mlinzi asiye na hakika anaamriwa kutoa tahadhari. Kukosa kwa upande huo kunapoteza magunia. Kukosa kwa upande ule mwingine kunapoteza watu. Kwa hiyo hata kama angekuwa na shaka, na hakuwa nayo, angegonga mara moja tu.

Watu walinitazama. Nadhani wengi walikuwa hawajawahi kunisikia nikimaliza sentensi.

Mama Poni aliondoka. Tulimwona akiingia nyumbani kwake, na mlango wake, ambao siku zote hukaa wazi, ukajifunga nyuma yake. Alirudi na kipande cha chuma, kifupi, kimechakaa ncha moja. Alikuwa amekivusha mpaka, akakaa nacho miaka yote, akikitumia kuzuia mlango usijifunge.

“Mimi nilikuwa naogopa hiki,” alimwambia Mama Kiden. “Kila siku ya zamu yangu nilikuwa nauliza, Kiden angesikia nini? Chukua. Mlango nitatafutia jiwe.”

Mama Kiden alikipokea kwa mikono miwili. Halafu akasema kwa utulivu, “Poni, na magunia?”

“Magunia walikula wale wa jirani. Kaulize kwao.”

Walicheka mpaka ikabidi mtu awashike. Safari hii nilitazama mikono. Rekodi ya siku hiyo ipo kabatini, rafu ya pili. Nimeandika lebo kwa kalamu nyeusi.

Mwezi uliopita tulifungua maonyesho yetu Arua. Mashabiki wa timu ya mpira ya Onduparaka walituazima spika na ngoma, wakaja wamevaa jezi kana kwamba kuna mechi. Ndege za mbao zilitundikwa kwa nyuzi, kanda zikasikika, na katikati ya ukumbi tukaning'iniza rimu ya lori. Nilikuwa na mpango wa kurasa sita kwa ajili ya kila hitilafu, isipokuwa ile iliyotokea: mgeni rasmi alihutubia kuanzia kuumbwa kwa mbingu, na alipofika kwenye injini za kwanza chakula kilikuwa kimeanza kupoa.

Ndipo ndege ikapita juu ya paa, ikitokea uwanja wa Arua. Hotuba ikakatika. Hakuna aliyetazama juu. Ukumbi mzima, watu wa Midia kwanza, kisha wa mjini, kisha mgeni rasmi mwenyewe, waligeuka kumtazama Mama Kiden. Mama Poni alikuwa wa kwanza kugeuka.

Mama Kiden aliinamisha kichwa, chuma mapajani. Alisikiliza mpaka sauti ikaisha kabisa.

“Ya abiria,” alisema. “Nzima.”

Kisha akasimama, akaenda kwenye rimu ambayo Afande Drani alikuwa ameiegemezea kiganja chake, macho ameyafumba, akamtazama mgeni rasmi, akayatazama masufuria, akagonga mara tatu.

Afande Drani alifungua macho.

“Chakula,” akasema, na akawa wa kwanza kwenye foleni.